Pango la Efeso na Hesabu ya Siku

Katika hadithi zilizoenea duniani, ni chache zilizopendwa na mataifa mengi kama ile ya mtu aliyeondoka kidogo katika njia za wenziwe, na aliporudi akaona ya kuwa dunia imemwacha nyuma. Wachina husimulia habari za mkata kuni aliyesimama mlimani kuwatazama watu wakicheza mchezo wao wa kete; mchezo ulipokwisha akageuka kulitwaa shoka lake, akaona mpini umekwisha kuoza. Wajerumani husimulia habari za Kaisari Friedrich Barbarossa, aliyefariki mwaka 1190, kwamba hakufa, bali amelala ndani ya mlima Kyffhäuser, na ndevu zake zinazidi kukua mezani. Lakini iliyosafiri kupita zote ni hadithi ya vijana saba waliolala katika pango la Efeso.

Tumeona vema kuwaeleza wasomaji wetu habari za pango hilo. Hatutaki kuwastarehesha tu. Twataka tupime pamoja nao lipi katika hadithi hii ni la kweli, lipi limeongezwa, na kama yawezekana pango kumpotezea mtu siku zake. Jawabu lake latufikia hata sisi majumbani mwetu, kama tutakavyoona.

Efeso ulikuwa mji mkubwa katika nchi ambayo leo ni Uturuki. Wasomaji waujua kwa Waraka wa Paulo, na kwa ile ghasia ya Demetrio mfua fedha. Hadithi yasema hivi: Kaisari Decius alipofika Efeso aliamuru watu wote watoe dhabihu kwa miungu ya Rumi. Vijana saba wa nyumba bora wakakataa. Walipopewa muda wa kufikiri, waliwagawia maskini mali yao, wakatoka mjini, wakajificha katika pango la mlima ulio karibu. Mmoja wao, ambaye masimulizi ya magharibi humwita Malchus, ndiye aliyeshuka mjini kwa siri kuwanunulia chakula. Siku moja akarudi na habari ya kuwa Kaisari anawatafuta. Wakala mkate wao kwa machozi, kisha wakashikwa na usingizi. Kaisari alipoambiwa walipo, akaagiza mlango wa pango uzibwe kwa mawe wafe humo. Lakini Wakristo wawili waliandika habari zao katika kibao cha risasi, wakakificha kati ya mawe yale, ili watu wa baadaye wapate kujua.

Miaka ikapita. Decius akafa, wakaja makaisari wengine, hata zamani za Kaisari Theodosius wa Pili. Bwana mmoja mwenye shamba akataka kujenga zizi, watumishi wake wakayaondoa mawe ya pango. Mwanga ukaingia, wale vijana wakaamka, wakaamkiana kama watu waliolala usiku mmoja. Malchus akatwaa fedha, akashuka kununua mkate. Alipofika lango la mji akaona msalaba juu yake, akastaajabu; akaenda lango la pili, akaona vivyo hivyo. Akadhani yumo katika ndoto. Sokoni akawasikia watu wakilitaja jina la Kristo waziwazi, jambo ambalo jana yake hapana aliyethubutu kulitenda. Akawapa waoka mikate sarafu yake. Wakaitazama, wakanong'onezana, wakasema, Kijana huyu ameokota hazina ya watu wa kale. Wakamkamata, wakampeleka kwa askofu na kwa liwali. Akataja majina ya wazazi wake, hapana aliyewajua. Akauliza habari za Kaisari Decius. Akajibiwa ya kuwa amekufa tangu zamani sana. Ndipo alipowaongoza pangoni, wakakiona kile kibao cha risasi, wakasadiki. Kaisari Theodosius mwenyewe akaja kuwaona. Kisha wote saba wakainamisha vichwa vyao, wakafa.

Angalieni jinsi waoka mikate na askofu walivyopata kusadiki. Maneno ya Malchus hayakuwatosha, na kwa haki, maana yeye mwenyewe angaliapa ya kuwa Decius alikuwapo jana. Sarafu ndiyo iliyoanza kusema, na kibao kikamaliza. Kichwa cha kijana kilisema usiku mmoja. Vile vitu viwili vikasema umri wa watu wengi.

Hadithi hii iliandikwa mapema kwa Kisiria. Jacob wa Serugh, askofu na mshairi aliyefariki mwaka 521, aliitungia mashairi. Baadaye, katika karne hiyo hiyo ya 6, Gregory wa Tours katika nchi ya Ufaransa aliiandika kwa Kilatini, akisaidiwa na Msiria mmoja. Na majirani zetu Waislamu waijua sana, kwa maana imo katika Kurani, Sura ya 18, ambayo jina lake ni Sura ya Pango, nayo wengi wao huisoma siku ya Ijumaa. Humo mji haukutajwa jina. Wametajwa vijana, na mbwa wao aliyelala mlangoni, na yule aliyetumwa na fedha kwenda kununua chakula. Basi yawezekana watu wawili wa kijiji kimoja, huyu Mkristo na huyu Mwislamu, wakae barazani waisimulie hadithi hii, kila mmoja akiijua kutoka kwa babu yake.

Lakini walilala miaka mingapi? Hapa ndipo penye mashaka. Masimulizi ya Kilatini husema miaka 372. Kurani yataja miaka 300 na tisa zaidi. Na wafasiri wengi hueleza ya kuwa miaka 300 ya jua ni sawa na 309 ya mwezi. Kipimo chao ni sahihi, kwa kuwa mwaka wa mwezi umepungukiwa siku 11 hivi. Ila wenye masimulizi ya Kilatini hawapati udhuru huo, kwa sababu wamewataja makaisari wawili kwa majina, na miaka ya makaisari hao yajulikana. Decius alitawala tangu mwaka 249 hata 251. Theodosius wa Pili alitawala tangu 408 hata 450. Mwanafunzi yeyote ajuaye kutoa na achukue mwaka wa kwanza wa yule na mwaka wa mwisho wa huyu: ataona ya kuwa haizidi 201. Jambo hili Jacobus de Voragine, Mwitalia aliyekusanya habari za watakatifu katika karne ya 13, aliliona, akaandika ya kuwa hesabu ya 372 ina shaka, na kwamba yafaa isemwe 196. Kwa hiyo hadithi ya watu waliopotewa na hesabu ya miaka, yenyewe nayo ilipotewa na miaka zaidi ya 170 njiani, ikitoka kinywa hata kinywa.

Sasa tuiache hadithi, tutazame yaliyo hakika. Amri ya Decius si hadithi. Ilitoka katika utawala wake, na mwaka 250 ilikuwa ikitendwa hata vijijini. Kila mtu katika milki ya Rumi alipaswa kutoa dhabihu mbele ya wasimamizi, kisha kupewa hati ya kushuhudia ya kuwa ametii. Hati hizo ziliandikwa katika mafunjo. Katika nchi nyingine zote zimeoza, lakini mchanga wa Misri ni mkavu, na tangu mwisho wa karne ya 19 zimechimbuliwa humo hati zaidi ya 40. Nyingi zatoka katika vijiji vya Fayum. Hati moja, iliyochapishwa kwa wasomi mwaka 1893, ni ya Aurelius Diogenes, mwana wa Satabous, mwenye umri wa miaka 72, mwenye kovu katika nyusi ya kuume. Asema ya kuwa siku zote ametoa dhabihu kwa miungu, na sasa ametoa tena mbele ya wasimamizi kama ilivyoamriwa. Chini yake pana tarehe, ambayo kwa hesabu yetu ni tarehe 26 Juni mwaka 250.

Kama alikuwa Mkristo aliyeogopa, au mtu wa dini ya kale aliyetimiza desturi yake, hati haisemi. Hakuwa mkuu, hakuwa tajiri wa kutajwa na wanahistoria wa Rumi. Alikuwa mzee wa kijiji. Hata hivyo hati yake ililala mchangani miaka zaidi ya 1,600, na ilipoamka haikumwuliza mtu yeyote, Leo ni siku gani? Ilikuja na siku yake mkononi.

Huko Efeso nako kulichimbwa. Mwaka 1927 na 1928 wachimbuzi kutoka Austria walifukua mahali panapoitwa pango la wale saba. Waliona mabaki ya kanisa, na makaburi mengi sana yaliyochongwa katika mwamba, na taa ndogo za udongo kwa mamia, na maandishi ya watu waliofika kuomba. Hayo yathibitisha ya kuwa tangu zamani sana Wakristo waliitukuza hadithi hii, wakataka kuzikwa karibu na mahali pake. Hayathibitishi ya kuwa mtu alilala miaka 200. Mwenye kuandika historia hana budi kuyatenga mambo haya mawili, ingawa hadithi ni tamu.

Lakini je, hakuna kweli yoyote katika habari ya Malchus aliyeamka asijue siku? Jambo hili limejaribiwa katika mapango halisi, nayo matokeo yake ni ya ajabu karibu sawa na hadithi.

Tarehe 16 Julai 1962 Mfaransa mmoja kijana wa miaka 23, jina lake Michel Siffre, alishuka katika shimo la Scarasson, katika milima ya Alps, karibu na mpaka wa Ufaransa na Italia. Alikwenda chini kadiri ya meta 130, mahali penye barafu isiyoyeyuka. Alikuwa na hema, kitanda, taa, vitabu na chakula. Saa hakuwa nayo. Kwa simu aliwaita wenzake waliokaa juu mlangoni: kila alipoamka aliwaambia, kila alipokula na kila alipolala aliwaambia, nao waliandika saa na tarehe, lakini walikatazwa kabisa kumjulisha. Yeye naye aliandika hesabu yake mwenyewe katika daftari lake. Hivyo palikuwa na madaftari mawili ya siku zile zile, moja la gizani na moja la mwangani.

Tarehe 14 Septemba walimwambia ya kuwa muda umekwisha. Akashangaa, kwa maana daftari lake lilisema ni tarehe 20 Agosti. Siku 25 zilikuwa zimempotea. Mara nyingi alipodhani amesinzia kidogo tu, kumbe alikuwa amelala usiku mzima. Katika jaribio moja alitakiwa ahesabu tangu moja hata 120, kila tarakimu kwa sekunde moja, yaani dakika mbili. Nayo ilimchukua dakika tano. Humo gizani wakati ulimpita naye hauoni.

Lakini madaftari yalipolinganishwa, jambo la pili likaonekana. Akili yake ilipotea, mwili wake haukupotea sana. Alikuwa akilala na kuamka kwa mzunguko wa saa 24 na kadiri ya nusu saa, ingawa hakuona jua wala hakusikia jogoo. Baadaye wenye elimu walitambua ya kuwa viumbe vina saa ndani ya chembe za miili yao. Na mwaka 2017 Wamarekani watatu, Jeffrey Hall, Michael Rosbash na Michael Young, walipewa tuzo ya Nobel kwa kueleza namna saa hiyo inavyokwenda, wakiwa wamechunguza nzi wadogo wa matunda. Walakini saa hiyo haina tarehe. Yamwambia mtu, Lala, au, Amka. Haimwambii ni mwezi gani. Tena nayo yaweza kukengeuka ikikosa jua. Mwaka 1972 Siffre alikaa zaidi ya miezi sita katika pango moja huko Texas, Marekani, na mara nyingine siku yake moja ilinyoshwa ikawa kama saa 48, wala yeye hakujua. Mtu huyu aliishi hata mwaka 2024.

Mwingine ni Beatriz Flamini, mwanamke wa Uhispania, apandaye milima. Aliingia pangoni katika jimbo la Granada mwezi wa Novemba 2021, akatoka tarehe 14 Aprili 2023. Katikati alitolewa siku chache kwa sababu mitambo iliharibika, akakaa peke yake hemani, kisha akarudi. Muda wote ulikuwa kama siku 500. Alipoulizwa yeye alidhani ni siku ngapi, alisema ni kama 160 au 170. Wakati alipokuwa chini, Malkia Elizabeth wa Uingereza alifariki, mwezi wa Septemba 2022. Habari iliyofika hata vijiji vyetu vya mbali haikumfika yeye. Huyu naye alitoka kama Malchus, na sarafu ya mfalme aliyekwisha kufa.

Basi twaweza kusema neno hili kwa hakika: hadithi ya Efeso imekosa kuhusu miaka, lakini haikukosa kuhusu mtu. Pango haliuzuii wakati. Nje jua lilichwa na kucha kama kawaida juu ya Scarasson na juu ya Granada. Pango lamwondolea mtu mashahidi wake, yaani jua, mwezi, mvua, soko, na sauti za wenziwe. Na mtu aliyekosa mashahidi, hata awe mwerevu na mwenye daftari, hupotea, na asijijue ya kuwa amepotea. Siffre hakuwa mwongo alipoandika tarehe 20 Agosti. Aliandika alichosadiki. Waliokuwa na haki ni wale waliokaa mlangoni.

Jambo hili wazee wetu walilijua pasipo kushuka pangoni. Hawakuitegemea kumbukumbu ya mtu mmoja, bali walizifunga siku zao katika mambo yaliyowapata wote. Huko Ugogo walisema, Fulani alizaliwa wakati wa Mtunya, yaani njaa kuu ya mwaka 1917 hata 1920. Watu wa kusini walihesabu kwa vita vya Maji Maji, vya mwaka 1905 hata 1907. Wengine walihesabu kwa nzige, au kwa tauni ya ng'ombe. Desturi hiyo isidharauliwe, maana ni ile ile ya waoka mikate wa Efeso: kuutafuta wakati katika kitu kilicho nje ya nafsi ya mtu. Kwa njia hiyo wanahistoria wameweza kuipanga miaka mingi ya nchi yetu ambayo haikuandikwa.

Lakini desturi hiyo ina udhaifu mmoja. Yadumu maadamu wapo wanaokumbuka njaa ipi ilitangulia na vita vipi vilifuata. Wakiisha kuondoka hao, majina hubaki na mpango hupotea, kama vile miaka 200 ya Efeso ilivyogeuka ikawa 372. Ndipo hutokea yale tuyaonayo vijijini. Shamba lagombewa, na kila upande wasema kwa moyo mweupe ya kuwa babu yao ndiye aliyelifyeka kwanza. Wakiulizwa mwaka, huyu ataja mmoja na huyu mwingine, wala hakuna karatasi. Mtoto aletwa shuleni, na mama asema ana miaka saba, na shangazi asema tisa. Mzee afariki, na wanawe hawapatani kuhusu mwaka wa kuandika juu ya kaburi lake. Hawa wote si waongo. Ni watu waliotoka pangoni.

Dawa yake si ya gharama. Daftari moja lenye jalada gumu na kalamu vyatosha nyumba nzima kwa miaka mingi. Yaandikwe humo majina kamili, na siku, na mwezi, na mwaka, na mahali: kuzaliwa, kubatizwa, kuoa na kuolewa, kununua shamba na mipaka yake na mashahidi wake, kuhama, kufa. Nyuma ya kila picha yaandikwe majina ya walio ndani yake, kabla hajafa wa mwisho awajuaye. Na wazee walio hai waulizwe sasa, wala wasiulizwe mmoja mmoja tu. Wakalishwe wawili watatu pamoja, ili huyu amsahihishe yule, na habari zao zifungwe katika jambo ambalo mwaka wake wajulikana. Kisha anakili mtu wa pili, daftari likae nyumba mbili, kwa kuwa mchwa na moto havichagui.

Twakumbuka ya kuwa Malchus alikuwa na wenziwe sita pangoni, wote wenye imani na wakweli, na wote saba walikosea sawasawa. Kibao cha risasi peke yake ndicho kilichokuwa sahihi. Na yule mzee wa Misri mwenye kovu katika nyusi, hatujui sauti yake, wala watoto wake, wala kaburi lake. Lakini twajua ya kuwa siku ya tarehe 26 Juni mwaka 250 alikuwa hai, mwenye miaka 72, katika kijiji chake. Twalijua hilo kwa sababu mtu mmoja aliketi siku ile, akaandika.